Plagini Niliyomtegea Barasa

Nimekosa, wasomaji wenzangu, na sitaki mnihurumie.

Miaka hiyo ya elfu mbili na kitu nilikuwa nafanya kazi kwa saiba moja, duka la intaneti, mjini Kitale. Kompyuta zilikuwa kuukuu, kwa hivyo mafaili tuliyapanga kwa programu ya maandishi matupu: hakuna picha, hakuna mausi, unabonyeza herufi tu. Uzuri wake, mtumiaji yeyote angeweza kutunga plagini, yaani kiprogramu kidogo cha kuiongezea kazi, akawagawia wenzake kwa mtandao.

Nikatunga yangu. Ukibonyeza K, faili inanakiliwa mahali salama. Wiki tatu za jasho! Rafiki yangu Barasa, fundi wa kompyuta Bungoma, akaichukua, akafuta jina langu, akaweka lake. Watu wakamsifu ati ana kichwa!

Nilimpigia simu. Akacheka. "Si ni kitu ya bure, bana? Kwani ulimwandikia mama yako?"

Mama yangu alikuwa na mwezi mmoja kaburini. Na Barasa mwenyewe alibeba jeneza!

Nikaapa huyu atalia. Nikatengeneza toleo jipya, K ile ile, lakini badala ya kunakili, inafuta. Nikamtumia yeye peke yake, kwa jina la uongo. Nilijua hatasoma hata mstari mmoja.

Hakusoma. Lakini hakuiweka kwake. Aliiweka kwa kompyuta ya Mwalimu Nekesa, mstaafu wa huko Mabanga, aliyekuwa amepiga chapa kwa miaka sita, katika faili moja, hadithi alizosimuliwa na wazee wa kike. Mwalimu akabonyeza K akidhani anahifadhi. Zote zikaenda!

Barasa alinipigia akilia. "Kaka, njoo utusaidie."

Nilifurahi! Haki ya Mungu, nilifurahi mpaka mlangoni kwa Mwalimu. Akanipokea kwa chai. "Karibu mwanangu. Nimeambiwa wewe ndiye unaweza."

Siku mbili nilihangaika. Nikapata kurasa kumi na moja tu.

"Wazee walionisimulia wengi wameshakufa," Mwalimu akasema polepole. "Sasa nitamuuliza nani?" Kisha akamgeukia Barasa: "Wewe usikanyage hapa tena."

Nami nikanyamaza! Nikanywa chai yake, nikanyamaza. Mwalimu amezikwa akiamini ni Barasa. Na kuna pembe ya moyo wangu, aibu yangu, ambayo bado inasema Barasa alistahili.

Wewe unayepanga kulipiza, mwendee adui yako uso kwa uso. Mtukane hata! Lakini usitege mtego ukaenda zako. Hujui ni mkono wa nani utaingia kwanza.