Mnada Upi?

Nina kiherehere cha kuuliza. Mama alisema mdomo wangu utanifikisha mahakamani, na kweli ulinifikisha, ingawa si kwa kushtakiwa. Nilikwenda kuwa shahidi wa shangazi yangu kwenye baraza la ardhi mjini Singida, nieleze kwa nini siku nyumba yake ya Mungaa ilipopigwa mnada, mimi nilikuwa nakula nyama choma.

Shangazi alikopa benki ya ushirika anunue mashine ya kukamua alizeti, akaweka nyumba dhamana. Mashine ikafa kabla mkopo haujaisha. Deni hakulikana hata siku moja. Alichokataa ni namna nyumba ilivyouzwa: alijitokeza mnunuzi mmoja tu, mgeni, akaichukua kwa bei isiyomaliza hata hilo deni. Yaani shangazi atoke na mabegi yake, halafu bado adaiwe.

Watu walikuwa wapi? Hapo ndipo udadisi uliponiwasha. Gari la matangazo lilikuwa limepita kwetu na spika yake: "Mnada! Mnada! Jumamosi hii, hapa hapa Mungaa! Wote mnakaribishwa!" Sasa kwetu ukisema mnada, mtu anawaza ng'ombe, mitumba na mbuzi wa kuchoma. Na Jumamosi ile ilikuwa siku ya mnada wetu wa kila mwezi. Tukaenda wote. Shangazi mwenyewe alikwenda, kuuza mbuzi apunguze deni. Aliporudi akamkuta mgeni uani kwake, anakagua mabati.

Barazani, wakili wa benki alinijia kwa upole wa kutega.

"Shahidi, tangazo ulilisikia?"

"Nililisikia."

"Kwa hiyo ulijua kuna mnada."

"Nilijua, nikaenda."

Akashtuka. "Ulienda?"

"Nilienda, na gauni nikanunua. Si hili nimevaa?"

Mwenyekiti wa baraza akavua miwani. "Shahidi, ulienda mnada upi?"

"Wa ng'ombe, mheshimiwa. Kuna mwingine?"

Wazee wa baraza walicheka mpaka mmoja akatoa leso. Wakili akasema neno mnada liko wazi kisheria. Mwenyekiti akamjibu kwamba mbiu ya mnada haipigiwi sheria, inapigiwa watu wanaotakiwa kufika. Niliposhuka kizimbani nilijiona wakili kamili.

Siku ya hukumu mauzo yale yalitenguliwa. Kigelegele kikanitoka, karani akanikodolea macho. Kumbe sikuwa nimesubiri sentensi ya pili: benki iliruhusiwa kutangaza upya, itaje nyumba, mwenye nyumba na mahali, kisha iuze tena.

"Sasa tumeshinda nini?" nilimuuliza wakili wetu pale nje.

"Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni," alinijibu akifunga mkoba.

Nilikasirika sana. Nilidhani tunapigania nyumba, kumbe tulichopewa ni nafasi ya kupata bei nzuri. Nikamuuliza shangazi kama yeye hana uchungu.

"Uchungu ninao," alisema. "Lakini watu wakijaa, deni litaisha na nitabaki na cha kununulia kiwanja. Wasipojaa, nitatoka mikono mitupu. Wewe ungechagua lipi?"

Basi akaanza kupita nyumba kwa nyumba kama anayealika watu kwenye kipaimara, nami nyuma yake. Shikamoo kwa wazee, habari za asubuhi kwa rika lake, halafu: "Mnada ni kwangu nyumbani, si kule kwa ng'ombe. Njooni mninunulie nyumba." Wengine walidhani wamesikia vibaya. Mmoja alituletea maji ya kunywa, akatupa pole kama wafiwa.

Siku ilipofika, uwanja ulijaa. Dalali akataja bei ya kuanzia. Kimya. Akarudia. Kila mtu akaangalia miguu yake. Nani ataanza kununua paa la mtu mliyezikana naye? Nilikuwa naona aibu ile ile, na hapo hapo nikaingiwa na hofu, maana yule mgeni wa mara ya kwanza alikuwa amesimama nyuma yetu, mikono mfukoni, anasubiri huruma yetu imfanyie kazi.

Shangazi akasimama mlangoni.

"Mbona mmenyamaza? Leo mkinionea huruma mnaniua. Nunueni!"

Jirani yake wa ng'ambo ya uzio, ambaye watoto wake na wa shangazi walikula sufuria moja mpaka wakaoa, aliinua mkono huku machozi yanamtoka. Akataja bei kwa sauti ya chini.

"Ongeza, mdogo wangu," shangazi akamwambia.