Ngazi ya Watumishi Haimo Kwenye Ramani

Saa nne asubuhi, Hester Tapsell amelala kifudifudi juu ya zulia la chumba cha kusomea, mkono mmoja ukielekea kwenye meko. Amekufa. Ni mara ya tatu wiki hii.

"Vuta mguu wa kushoto kidogo, Tapsell," anasema Bi. Lavinia Corfield akiwa mlangoni. "Nataka mtu akifungua aanze kuona kiatu."

Hester anavuta mguu. Vumbi linamwasha puani, na vumbi lenyewe ni yeye atakayekuja kulipiga brashi baadaye. Kila mara anageuza uso kuitazama saa ya ukutani. Maiti gani huyu wa kutazama saa kila nusu dakika?

Ana sababu. Ni Alhamisi, na gari la posta hupita kijijini Wistanbury saa kumi kasorobo alasiri. Leo linatakiwa kuondoka na kitabu kipya cha Bi. Corfield, kurasa mia tatu na kumi zilizopigwa taipu, kwenda kwa wachapishaji London. Bibi ameahidi kwamba kitabu kikishafungwa kamba, atakaa amwandikie Hester barua ya tabia njema. Bila barua hiyo hoteli ya Llandudno, mji wa pwani, haimwajiri, na kazi inaanza Jumatatu.

Gazeti hili lilifika Shropshire kumhoji Bi. Corfield, ambaye kwa miaka kumi na miwili amekuwa akiwaua matajiri wa kubuni na kuwaacha wasomaji wakikuna vichwa. Bibi akasema haongei na mtu kabla posta haijapita. Mwandishi wa gazeti akaelekezwa jikoni akanywe chai, na huko ndiko habari yenyewe ilikokuwa.

Hester ana miaka thelathini na sita. Aliingia nyumba hii akiwa na kumi na tisa, na leo mshahara wake umefika pauni thelathini na nane kwa mwaka, pamoja na chakula na kitanda cha darini. Anafuta vumbi, anawasha meko, anapeleka chai. Kazi ya kufa ilimjia siku bibi alipotaka kujua, kwa ajili ya kitabu, kama mwanamke mzima anaenea ndani ya kasha la mablanketi.

"Anaenea," anasema Hester, akimenya viazi kwa kasi ya mtu anayegombana navyo. "Ila kutoka ndiyo shughuli! Nimenyongwa, nimepigwa kinara cha mshumaa, nimeanguka dirishani mara nne. Sumu ndiyo naipenda. Sumu unakufa umekaa kitini."

"Na chai umekunywa," anadakia mpishi, Bi. Gough, bila kugeuka kutoka kwenye jiko lake.

Wanacheka, lakini Hester hatulii. Anaweka kisu, anakwenda dirishani, anarudi, anakishika tena. Tangu Jumatatu ana jambo limemkaa kooni, halimezeki wala halitemeki.

Jambo lenyewe ni hili. Ndani ya kitabu, katika nyumba iliyobuniwa kwa mfano wa hii, Kapteni mmoja anacheza tenisi na wageni. Anatoka uwanjani ati kutafuta mpira uliopotea, anapanda hadi chumba cha kusomea, anamuua mjomba wake, na anarudi na mpira mkononi kabla chai haijamiminwa. Ana dakika nne tu, na hadithi nzima imesimama juu ya dakika hizo. Aliyezipima ni Hester, mwezi wa Aprili, akikimbia huku amekunja sketi, na bibi amesimama kwenye wavu na saa ya kupimia mbio. Alitumia dakika tatu na sekunde hamsini.

Jumatatu, akifuta vumbi mezani kwa bibi, jicho likamwangukia kwenye sura ya kumi na tisa. Kapteni alikuwa akipanda mbio ngazi kuu.

"Nikaurudia kuusoma mstari ule," anasema. "Mimi sikupita ngazi kuu. Miaka kumi na saba nimo humu, ngazi ile sijaikanyaga ila nikiwa na brashi. Niliingia mlango wa jikoni, nikapanda ngazi yetu ya nyuma. Hakuniuliza, na mimi haikunijia kusema. Ningepita wapi tena?"

Juzi, bibi alipokwenda kanisani kupanga maua, Hester alichukua saa ya jikoni akapima njia ya wenye nyumba: kuzunguka baraza, kupita ukumbini, kupanda ngazi kuu, kushuka, kurudi. Dakika sita na nusu. Kapteni angekuta chai imeshapoa na wageni wote wanamwita.

Mwanzoni mwa kila kitabu cha Bi. Corfield pana ramani ya nyumba, aliyoichora mwenyewe kwa wino. Vyumba vyote vimo, hata kibanda cha maua. Ngazi ya watumishi haimo.

"Nyamaza tu, mwenzangu," Bi. Gough anamshauri. "Kitabu kiende, barua uichukue, Jumamosi upande treni. Nani atajua?"

"Wasomaji wake wale? Mwaka jana alikosea saa ya kengele ya kanisa, zikaja barua arobaini na moja! Kuna mzee wa Leeds anapima ramani kwa rula."

"Apime. Wewe uko Llandudno unakula samaki."

"Na bibi huku anaaibika kwa miguu yangu."

Ugumu uko hapo. Akisema, kitabu kitafumuliwa, na barua itasubiri pamoja nacho. Akinyamaza, anaondoka na barua yake, na lawama hazimfikii. Watu wenye vyeo wamenyamazia makubwa kuliko haya kwa faida ndogo zaidi, na wanalala usingizi mzuri.

Saa nane na robo Hester anavua aproni ya viazi, anavaa safi, anapiga moyo konde na kubisha mlango wa bibi. Hakuufunga nyuma yake, na maneno yote yakasikika hadi nje.

"Bibi, nina neno kuhusu zile dakika nne."

Anasema lote bila kupumzika. Bi. Corfield anaivuta ramani yake na kuikodolea macho.

"Ngazi ya nyuma," anarudia taratibu. Ni nyumba aliyozaliwa, na ngazi hiyo hajapata kuikanyaga. Kisha anapata nafuu kidogo. "Lakini ngazi hizo wanazijua watumishi tu, Tapsell."

"Bibi, watumishi ndio wanaokusoma. Mpishi wa kwa kasisi, yaya wa kwa daktari, mimi. Tunaazima kwa peni mbili pale kwa muuza tumbaku, tunapokezana. Kapteni akienda na kurudi kwa ngazi kuu ndani ya dakika nne, jikoni zote za Uingereza zitakucheka."

Bi. Corfield anajitupa kitini. Kisha yanamtoka yale yale Hester aliyoyaogopa.

"Basi hakiendi leo. Huenda hadi Krismasi. Na unaona mwenyewe, siwezi kukuacha uende. Nitakuongeza pauni nne."

"Na barua yangu, bibi?"

"Tutaongea kitabu kikiisha."

Siku tatu, anasema Hester, alikuwa amejiandaa kwa aibu, hakuwa amejiandaa kwa hasira, na hasira ndiyo iliyomfungua akili.

"Si lazima kisubiri," akasema. "Kapteni amelelewa nyumba hiyo hiyo, umeandika mwenyewe sura ya pili. Mtoto wa nyumba kubwa huijua ngazi ya nyuma kuliko anavyojua sala zake, maana ndiko jamu iliko. Mtie sentensi moja sura ya tatu, anamtania mpishi wa zamani kuhusu jamu. Sura ya kumi na tisa badili ngazi. Na kwenye ramani uichore."

"Nikiichora si watajua!"

"Wataiona, bibi, na hawataiangalia. Nawe utakuwa hukumficha msomaji kitu."

Bi. Corfield ana mengi ya kulaumiwa, lakini kumdhulumu msomaji hajawahi. Taipu ikaanza kulia. Saa tisa kasoro dakika kumi akachukua kalamu na kuchora mistari miwili myembamba kutoka jikoni hadi ghorofani. Saa tisa na dakika ishirini kifurushi kilikuwa kimefungwa kamba.

Hester hakukinyanyua. Alibaki amesimama mbele ya meza, vidole vinacheza na aproni.

"Ah, barua," akasema bibi, akaandika mbio mistari minne na kumpa.

Hester akaisoma mara mbili. Ilisema yeye ni mwaminifu, msafi na hodari, na kwamba ni mtulivu kiasi kwamba mtu hatambui kama yumo nyumbani. Kwa mtumishi wa ndani hakuna sifa inayopita hiyo. Akairudisha mezani.

"Naomba uandike tena, bibi."

"Lakini hiyo ni sifa, Tapsell!"

"Najua. Nimeifanyia kazi miaka kumi na saba. Ila huko nakwenda kusimamia stoo ya shuka, na wasichana sita chini yangu. Nao wasipotambua kama nimo, nitawasimamia vipi?"

Bi. Corfield akamtazama, safari hii bila kumwambia alale chini. Halafu akavuta karatasi nyingine, na kwa mara ya kwanza siku hiyo hakuandika haraka.

Njiani kuelekea kwenye gari la posta, kifurushi kwapani, Hester anakubali kuonyesha mstari mmoja tu wa barua hiyo, mengine ameyafunika kwa kidole gumba: "Huona yale ambayo sisi wenye nyumba hatuyaoni, na huyasema hata yanapomgharimu."

Llandudno atalipwa shilingi ishirini na mbili kwa wiki, na atakuwa na chumba chenye ufunguo wake. Anaogopa, hafichi. Hajui watu wa hoteli wakoje, na usiku wa leo anasema hatalala. Lakini siku ya kwanza ameshaipanga.

"Jumatatu nitaingia kwa mlango wa mbele," anasema, akiongeza mwendo kwa kuwa gari limeshaonekana kwenye kona. "Siku moja tu, kabla hawajanijua. Wakiniambia nizunguke nyuma, nitazunguka. Lakini nataka nizijue ngazi zote mbili."