Chakacha Niliyoifuta

Watu huniuliza nilisomea wapi kushika kamera, kunasa sauti na kuhariri, vyote peke yangu. Sikusomea popote. Nilifunzwa na harusi za mtaa wa Kisauni, huku pwani.

Siku ya kupamba bibi arusi, wanawake hukutana peke yao. Mabuibui huvuliwa, simu zikabaki mlangoni ndani ya beseni. Mpiga picha lazima awe mwanamke, na picha zenyewe zisipite mikononi mwa mwanamume hata wakati wa kuhaririwa. Mimi, binti wa mtu wa bara aliyefanya kazi bandarini Kipevu, nilikubaliwa kwa sharti hilo, nami nikajifunza kila kitu kwa hasira na kwa kukosea. Harusi yangu ya kwanza ilitoka bila sauti, na mama wa bibi arusi akanisema mpaka nikatamani ardhi inimeze.

Baadaye nikaanza filamu yangu mwenyewe, juu ya wanawake wa mtaa ule. Kila niliyemuelekezea kamera alikauka kama anapigwa picha ya kitambulisho. Nikakumbuka nyanya wa bibi arusi mmoja niliyemnasa siku ya kupamba, akicheza chakacha, ngoma ya kukata kiuno, leso kiunoni, macho kayafumba. Kwa kawaida nikishakabidhi kazi hufuta kila kitu. Picha hiyo sikuifuta. Niliitia kwenye filamu, ikapata uhai. Nilijiambia nitaomba ruhusa baadaye, lakini ukweli ni kwamba niliogopa jibu.

Wiki moja kabla ya kuonyesha, moyo ukakataa. Nikabeba kompyuta mpaka kwa nyanya yule.

“Shikamoo, nyanya.”

“Marahaba, mwanangu. Karibu, kaa.”

Aliitazama mara mbili, akacheka, akajifuta macho. “Nimependeza, wallahi. Sasa ifute.”

“Nyanya, hiyo ndiyo roho ya filamu yangu.”

“Naona. Lakini siku ile nalicheza vile kwa sababu ni wewe, mwanamke mwenzangu, ulokuwa na kamera.”

Niliifuta mbele yake. Nikaondoka nimenuna, hata chai yake sikuimaliza, na jambo hilo hunitia haya mpaka leo.

Filamu ilionyeshwa, watu wakapiga makofi. Nilikaa nyuma nikingoja mtu aulize mbona pale katikati pamepoa. Hakuna aliyeuliza, na iliniuma. Kazi bora kuliko zote nilizowahi kufanya imo kwenye nakala niliyowakabidhi, ndani ya kabati la nguo la familia ile, na mimi siwezi kwenda kuomba niitazame.