Kibanja Kilichovishwa Nguo

Ukipita Igurwa utaona lundo la nguo kando ya njia, limeota magugu juu. Lilichomwa mara moja, likatoa moshi mweusi wa kuumiza kifua, kisha likazima lenyewe kabla ya kwisha. Mvua ikinyesha huteremsha majivu yake hadi kisimani, na wanawake wanaochota maji humtaja Kokuhirwa na kucheka. Mimi sicheki. Mimi ni wifi yake, na najua wifi hasifiwi kwa ulimi mtamu, kwa hiyo haya nitakayosema yapunguze unavyotaka. Lakini kibanja kilichotoa nguo zile, hilo shamba la migomba linalozunguka nyumba, ni kibanja cha baba yangu. Nilizaliwa humo, nikatolewa humo kwenda kuolewa Ndama, na kaka yangu Elpidius ndiye aliyekirithi. Aliyekilima ni mkewe.

Walijaliwa mtoto mmoja tu, Adelgunda. Surua ilimchukua akiwa wa kukimbia na kuuliza maswali, miaka ile baada ya vita, wakati duka la kijiji lilikuwa na rafu na mwuzaji basi. Vijana wa sasa nikiwaeleza hunitazama kama mlevi. Sabuni hakuna, chumvi hakuna, na nguo ndiyo usiseme. Mwanamke alikuwa na kanga moja. Akiifua, alijifungia ndani mpaka ikauke. Wanaume walikwenda kanisani na kiraka juu ya kiraka, na hakuna aliyemcheka mwenzake maana sote tulikuwa hivyo hivyo.

Mtoto alipokata roho, Elpidius alitoka kwa miguu kwenda Songambele. Alisikia kuna mtu huko ana kitambaa cheupe cha magendo, kimevushwa mpakani. Alikuta kimekwisha kwenda. Akarudi kesho yake mikono mitupu, na mtoto hawezi kungoja zaidi. Kokuhirwa alitaka kuvua kanga yake amfunike mwanawe. Shangazi zetu wakamshika mikono. Angebaki na nini mbele ya wakwe zake?

Basi likachukuliwa gunia la kahawa. Mama yetu alilifua kwa majivu, akarudia, lakini yale maandishi ya ushirika hayakutoka. Likashonwa kwa kamba za mgomba. Tukamzika kibanjani kama tunavyozika watu wetu wote, chini ya shina la nshakara, ile migomba ya kupika, na Elpidius akasimika msalaba wa mti. Watu walipokuwa wakinawa mikono, yeye alisema kwa sauti ili sote tusikie, "Nami nikifa mnilaze hapa hapa, ubavu kwa ubavu na mwanangu. Asilale peke yake."

"Sawa," alisema Kokuhirwa.

Hakulia. Wengine walisema ana moyo wa jiwe, na mmoja wa waliosema ni mimi. Siku moja, tukimenya ndizi, nikamwuliza waziwazi. Akaniambia, "Wifi, unajua mguu ukiukalia sana? Ukiugusa unaona ni wako, lakini husikii kitu. Ndivyo nilivyo mwili mzima."

"Basi inuka uukung'ute," nikamjibu.

Akatabasamu kwa adabu, akaendelea kumenya.

Halafu mitumba ikaruhusiwa. Watu waliiita kafa Ulaya, kwamba mwenye nguo amekufa huko na sisi tumemvua. Nilimwambia Kokuhirwa, "Nguo ya kuazima haisitiri matako, sembuse ya maiti." Wala hakunisikiliza. Alichukua sehemu yake ya fedha za kahawa, akaenda Kayanga, akarudi na mzigo kichwani. Kuanzia hapo akawa muuza mitumba, na hakuna gulio alilolikosa, mvua au jua.

Belo ya mitumba hununuliwa ikiwa imefungwa, kwa hiyo huchagui. Ukifungua unakuta magauni mazuri, ndiyo, na mashati ya watoto. Lakini humo humo utakuta makoti mazito ya nchi za baridi, soksi za mguu mmoja, suruali ya jitu, nguo za kuogelea ambazo hakuna mwanamke wa Karagwe atakayezivaa mbele ya mumewe, seuze mbele ya maji. Nzuri ziliuzwa. Zilizobaki, wauzaji wenzake walizisukumia bondeni na kwenda zao. Kokuhirwa alizifunga tena na kuzirudisha nyumbani.

"Siwezi kutupa nguo," alisema. Nani angemwuliza kwa nini?

Na belo nyingine ilikuja kabla ile ya kwanza haijakwisha. Wateja nao walibadilika. Waliokuwa wakifua kanga moja na kuingoja ikauke sasa walinunua shati, wakalivaa mpaka kifungo kikatike, wakalitupa, wakanunua jingine, maana sindano na uzi vilikuwa usumbufu kuliko shati. Wanangu wenyewe walifanya hivyo. Nikiwagombeza walisema, "Mama, hii ni bei ya ndizi mbivu." Yale matambara nayo, Kokuhirwa akiyakuta njiani, aliyaokota.

Nyumba ikajaa. Nikienda kuwatembelea nilikaribishwa kukalia koti, na Elpidius alikalia koti, na mbuzi nje alilalia koti. Kaka yangu alikuwa mpole kupita kiasi. Nilichowahi kumsikia akisema ni, "Mama Adelgunda, tumebakiza nafasi ya paka kulala."

Ndipo Kokuhirwa akapata wazo la kuzitandaza kibanjani. Msimlaumu haraka. Mama yetu alimfundisha, kama alivyotufundisha sisi, kwamba kibanja hakikatai kitu. Unakipa maganda, majivu, samadi, makapi ya maharage, unakipa rubugo lililochakaa, lile vazi la magome walilovaa babu zetu, unakipa na wafu wako, nacho kinakula chote na kukurudishia ndizi. Migomba hutaka kufunikwa ardhi yake, na nyasi za kufunikia zilikuwa zimekwisha karibu. Ilibidi kuzifuata mbali rweyani, huko mbugani, na kuzibeba kichwani. Nguo zilikuwepo mlangoni. Akazitandika chini ya migomba, moja baada ya nyingine, mikono ya mashati ameinyoosha, kama anayetandika kitanda cha wageni.

Mwaka wa kwanza magugu hayakuota na udongo ulikaa na unyevu mpaka kiangazi. Mikungu ikawa minene. Majirani walikuja kutazama, wakarudi kufanya vivyo hivyo kwao. Hata mimi nilimsifu, na sikumbuki mara nyingine niliyomsifu.

Pamba ilioza. Zile nyingine, za kung'aa, za nailoni, hazikuoza, naye aliongeza mpya juu ya zile kuukuu kila baada ya gulio. Tabaka likapanda. Mvua iliponyesha, maji yaliteleza juu ya nguo yakaenda njiani, na chini yake udongo ukabaki mkavu. Maharage aliyopanda katikati ya migomba yalipinda chini ya kitambaa yakafa. Mizizi ya migomba ikapanda juu kutafuta maji, na fukuzi, yule mdudu anayetoboa shina, akapata mahali pazuri pa kulala. Kulikuwa na kibarua wao, Mbonimpa, mtu aliyevuka kutoka Burundi akiwa kijana na kujenga kibanda nyuma ya kibanja. Yeye ndiye aliyekuwa akipalilia. Siku moja alimfuata Kokuhirwa, jembe mkononi, ncha yake imenasa kitu.

"Mama, jembe linaniletea suruali."

"Irudishe," alisema Kokuhirwa.

Upepo ulikuja alasiri moja kabla ya masika, ukang'oa mstari mzima wa migomba na kuilaza, hata lile shina la nshakara. Mwaka uliofuata kaka yangu alinunua ndizi sokoni. Mtu asiye wa kwetu hataelewa. Mnyambo mwenye kibanja, kununua ndizi! Alizibeba ndani ya kapu lenye kifuniko, akapita njia ya nyuma. Nilimwonea uchungu, nikamwambia Kokuhirwa kwa hasira kwamba anatuua. Jioni ile nikamwona ametandika makoti mengine.

Elpidius aliugua kifua mwaka ule wakimbizi kutoka Rwanda walipojaa kwetu na nguo za msaada zikawa zinauzwa kila njia panda. Nilikuja kumuuguza. Alikuwa mtu wa maneno machache na ugonjwa uliyapunguza zaidi, ila jambo moja halikumtoka.

"Mama Adelgunda, mahali pangu papo?"

"Papo," alijibu mkewe, bila kugeuka kutoka jikoni.

"Costansia, nawe unapajua?"

"Napajua, kaka," nikasema. Nilikuwa na hakika. Nilikuwepo siku ile, ningesahau vipi?

Alifariki wakati wa kuchuma kahawa. Asubuhi wanaume walikusanyika na majembe, Mbonimpa mbele yao, wakamwuliza mama mwenye nyumba awaonyeshe. Kokuhirwa akaingia kibanjani, nami nyuma yake. Akatembea mpaka katikati, akasimama. Akageuka huku, akageuka kule.

Msalaba ulikwisha liwa na mchwa zamani. Shina la nshakara lilianguka, na hata kabla ya kuanguka lilikuwa limehama, maana mgomba hutembea: mtoto huota pembeni ya mama, na wake pembeni yake, ukija kuangalia baada ya miaka haupo tena ulipoupanda. Na popote ulipotazama palikuwa nguo. Nilitafuta kumbukumbu yangu nami sikuiona. Pale nilipodhani ni penyewe, na pale alipodhani yeye, hapakufanana.

Akanyoosha kidole. Wanaume wakaanza kufunua.

Zilitoka kwa mapande makubwa, zimeshonwa na mizizi, na harufu ya uvundo. Ukizikung'uta, rangi ilikuwa ile ile. Nyekundu ni nyekundu, buluu ni buluu, vifungo vyote vipo. Mwanzoni vijana walitania, mmoja akajipima koti. Baadaye akalivua. Walichimba, hapakuwa na kitu, Kokuhirwa akaonyesha mahali pengine, wakafunua tena, wakachimba tena. Nguo walizirundika kando ya njia, na hilo ndilo lundo mnaloliona. Sisi tulikuwa tunatafuta gunia moja. Tulikuta kila kitu isipokuwa gunia.

Jua lilikuwa limekwisha pita utosini. Mwinjilisti amekaa kwenye benchi na kitabu chake, maiti ndani, waombolezaji wameanza kunong'ona. Mbonimpa akapanda kutoka kwenye shimo, akajifuta uso.

"Mama, unisamehe. Gunia lilikuwa la katani. Lilikwisha kuwa udongo, na mtoto pia. Hatutaliona."

Hapo nilishindwa kujizuia. Kaka yangu aliomba jambo moja tu maisha yake yote. Nilimgeukia Kokuhirwa mbele ya watu nikasema, "Ulimzika mtoto, kisha ukamzika tena. Sasa baba yake tumlaze wapi?"

"Ndiyo," alisema. "Nilimzika tena."

Hakukuwa na hasira katika sauti yake, wala huzuni, na mimi niliyetaka ugomvi nikabaki nimeushika peke yangu. Yeye akainama kwenye lundo akavuta kitu kilichokuwa kinaning'inia. Lilikuwa gauni la mtoto la nailoni, la waridi, lenye marinda. Akalikung'uta udongo. Akajaribu zipu, ikapanda, ikashuka. Akalishika kwa mabega yake mawili na kulining'iniza mbele yake, chini ya kiuno, pale ambapo mabega ya mtoto wa umri ule hufika, akalitazama kwa muda mrefu.

"Hili lingemtosha," alisema.



Kisha akamwambia Mbonimpa, "Chimbeni hapa nilipo. Kama ni udongo, basi yumo humu kote." Wakachimba hapo. Jeneza lilipoteremshwa alishuka shimoni, na kabla hatujajua anafanya nini alikuwa amelitandaza lile gauni ubavuni mwa jeneza, mikono ameinyoosha, marinda ameyapanga.

Mbonimpa alikuwa tayari ameinua jembe. Akalishusha.

"Mama," alisema taratibu, "hilo halitaoza."

"Najua," alisema Kokuhirwa. "Siku mtakayokuja kunichimbia mimi, mtaliona."

Akapanda kutoka shimoni, akachota udongo wa kwanza kwa mkono, akaumwaga.