Ubavu wa Kushoto wa Baba

Nilipokuwa na umri wa miaka tisa niliamini kwamba wanaume wote duniani, kuanzia Rais mpaka kinyozi wetu wa Ilomba, tuna ubavu mmoja pungufu upande wa kushoto, na kwamba kwenye hilo pengo upepo huingia na kutoka unavyotaka, kama nyumba isiyo na dirisha. Sikuambiwa tu nikaitikia. Niliamini kwa mwili mzima. Kwa miaka mitatu nililala kwa upande wa kushoto ili niizibe nafasi ile kwa godoro. Na baridi ya Mbeya ya mwezi wa saba, ndugu zangu, si ya kufanyia mchezo. Ile ni baridi inayoweza kumgandisha jogoo katikati ya kuwika, ikabidi msubiri jua litoke ndipo amalizie. Mimi nilijua inapoingilia.

Haya yote yamenirudia juzi tu, nilipopita mlango wa jirani nikasikia harufu ya chumvi inayokaangwa kavu na kufungwa kwenye kitenge, kitenge chenyewe kikianza kuungua pembeni. Wengine harufu hiyo inawakumbusha bibi zao. Mimi ilinibidi nisimame, nishike ukuta, nijifanye nafunga kamba za viatu. Nilikuwa nimevaa kandambili.

Habari ya ubavu tuliipata kwa Kaka Lwitiko, mwalimu wetu wa Shule ya Jumapili. Siku za kazi aliuza mitumba, Jumapili alitufundisha Neno, na sauti yake ilikuwa na nguvu ya kuezua bati. Alipofika pale Mungu anapomlaza Adamu usingizi mzito, alishusha ile sauti mpaka watoto sitini tukaacha kukohoa. Mungu akatwaa ubavu, akafanya mwanamke, akapafunika mahali pake kwa nyama. Hapo Maandiko yanaishia. Kaka Lwitiko hakuishia hapo. Aliongeza cha kwake: "Ndiyo maana mpaka leo mwanaume yeyote ukimhesabu, kushoto anapungua mmoja."

Mtoto mmoja mtundu akauliza, "Kaka, wewe umehesabu?"

"Neno la Mungu halihesabiwi," akajibu. "Linaaminiwa."

Tukasema amina. Niliisema kwa sauti kuliko wote. Tangu siku hiyo nikawa na ufunguo wa mafumbo yote ya dunia. Kwa nini wanaume wanakoroma? Pengo. Kwa nini hawatulii nyumbani? Pengo, upepo unawasukuma. Kwa nini mama alikaa shambani na mvua kutwa nzima asipige hata chafya moja? Amekamilika, ana mbavu zote. Sijapata kuwa na elimu kubwa namna ile tena, pamoja na cheti changu cha kidato cha nne ambacho leo nimekitundika juu kuliko picha ya harusi.

Sasa baba yangu alikuwa anakohoa.

Alifanya kazi Makongolosi, kule Chunya kwenye dhahabu. Hakuwa mchimbaji wa chini. Alikaa juu, kwenye karasha, mashine inayosaga mawe ya dhahabu mpaka yawe unga mlaini kuliko wa sembe. Alikuja nyumbani kila mwisho wa mwezi mweupe mpaka kope, kama mtu aliyepigana na gunia la ngano akashindwa. Alikuwa mtu wa utani. Akiingia uani anasema, "Mama Ipyana, pokea mzungu wako." Ipyana ni mimi. Mama anacheka, anamletea maji ya moto, na maji ya kwanza yanatoka kama uji.

Kikohozi kilianza kama cha kila mtu. Baadaye kikawa cha kwake peke yake: kikavu, kifupi, hakileti kitu. Zahanati walimpima makohozi, wakasema kifua kikuu hana, wakampa dawa za kumeza na ya maji. Alizimaliza. Kikohozi hakikujali. Ilipofika mwezi wa sita hakurudi Makongolosi tena. Akawa anashinda uani kwenye jua, amejifunika koti juu ya koti, na kutoka kwenye mkeka mpaka chooni, hatua ishirini hivi, alikuwa anapumzika mara mbili.

Nilimwambia siri yangu Jumapili moja baada ya ibada. Nikamwambia, baba, ni lile pengo. Wewe la kwako lazima ni kubwa, na kule Chunya kuna upepo.

Hakunicheka. Mpaka leo natamani angenicheka. Aliniangalia, akavua makoti yote mawili, akavua na shati. Akalala chali, akasema, "Haya, daktari. Hesabu."

Nikachukua kipande cha mkaa jikoni. Kila ubavu nilioupata niliutia alama nyeusi ili nisirudie. Alikuwa amekonda, mbavu zilikaa wazi kama fito za nyumba isiyokandikwa, wala haikuhitaji utaalamu. Upande wa kulia nikapata kumi. Leo najua kwamba ule wa juu hujificha chini ya mtulinga na wa mwisho ni mfupi, kidole cha mtoto kinapitwa nazo, kwa hiyo kumi haikuwa vibaya. Nikahamia kushoto. Moja, mbili, tatu, mpaka tisa. Nikashusha kidole.

Wa kumi ulikuwepo. Niliugusa. Ulikuwa mgumu kama wenzake, ulipanda na kushuka na pumzi yake kama wenzake. Nilikaa na kidole juu yake muda wa kutosha kusema Baba Yetu. Kisha nikajiambia huo ni mkunjo wa ngozi, nikauruka, nikatangaza kwa sauti ya kuezua bati, "Kushoto tisa! Kulia kumi!"

Mama alishika mdomo. Baba alijiangalia zile alama za mkaa, akatikisa kichwa polepole kama mtu aliyesomewa hukumu yenye haki. "Kumbe," akasema. "Kumbe jamani."

Mzee Shabani, muuza duka wa mtaa wetu, babu zake walitoka pwani na biashara, alikuwa amekuja kumwona mgonjwa. Alikaa kwenye kigoda chake na kofia yake ya kufuma, ameona yote. Akasema, "Mama Ipyana, hata sisi kwetu ubavu tunasimuliwa. Lakini mpelekeni hospitali kubwa akapigwe picha. Huyu mtoto anahesabu mbavu kama anahesabu goli za timu yake."

Baba alicheka mpaka akakohoa, akakohoa mpaka akashika magoti. Alipopata pumzi alisema, "Picha ya nini, Mzee Shabani? Ubavu haupo. Watapiga picha ya kitu kisichokuwepo?"

Watu walicheka. Hilo jibu lilipendwa mtaa mzima, likarudiwa dukani na kisimani. Na hospitali hatukwenda.

Dawa tuliitunga mimi na mama. Kitenge kikuukuu kikachanwa kikawa mkanda mrefu. Chumvi inakaangwa, inafungwa kwenye kitambaa, inawekwa pale kushoto penye pengo, halafu mkanda unazungushwa kifuani mara tano na kukazwa ili upepo usipite. Kazi ya kukaza ilikuwa yangu. Kila asubuhi kabla ya shule niliweka goti moja mgongoni kwa baba kama mtu anayefunga mzigo wa kuni, nikavuta kwa nguvu zangu zote, na nguvu zangu wakati ule, tusidanganyane, zilitosha kuvuta lori la mbao kutoka Mafinga. "Kaza, daktari," alikuwa akisema. Watoto wenzangu walibeba vitabu tu. Mimi nilikuwa na mgonjwa.

Mvua zilipokuja alikuwa halali tena. Alikaa ameegemea ukuta, mdomo wazi, mabega yakipanda juu kila anapovuta hewa. Asubuhi moja nilimkuta amepenyeza kidole gumba chini ya mkanda, anaulegeza. Hakuwa na pumzi ya kunieleza. Nikamwambia, "Baba, upepo." Nikaushika ule mkono wake, polepole na kwa heshima, ili nifunge upya.

Alinitazama tu. Akatoa kidole.

Tulimzika wiki hiyohiyo. Kaka Lwitiko aliongoza nyimbo, akalia kuliko sisi, maana alikuwa mtu mwema, na sitaki mmchukie kwa sababu yangu.

Nilimaliza darasa la saba, na kwa kuwa hapakuwa na wa kunipeleka sekondari, nikaenda Iringa kwa mjomba. Nikawa utingo wa malori miaka saba. Nimepanda na kushuka mlima wa Iringa mjini mara nyingi kiasi kwamba lami ile ingekuwa na macho ingenisalimia kwa jina. Nilipoona vijana wadogo wananiita mzee nikashtuka, nikajiandikisha shule ya jioni, masomo ya wale walioachwa na basi la kwanza. Darasani nilikaa na dereva wa bodaboda, mama lishe wawili, na askari mgambo aliyekuwa analala kabla mwalimu hajafuta ubao.

Baiolojia alitufundisha Mwalimu Nyagawa. Alikuwa muuguzi mstaafu, Mlutheri wa kwaya, mama mfupi mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi. Jioni moja aliingia na bahasha kubwa ya kaki, akatoa picha za eksirei za zamani zilizokatwa majina, akazibandika kwenye kioo cha dirisha. Jua lilikuwa linashuka. Kifua cha mtu kikawaka pale dirishani.

"Huyu ni mwanaume," akasema. "Ipyana, njoo uhesabu."

Nikatabasamu. Nikasema, "Mwalimu, kabla sijahesabu, kushoto atakuwa na pungufu mmoja." Mama lishe mmoja akasema kweli. Dereva wa bodaboda akasema kweli kabisa, hata kwao Makete wanajua. Darasa zima lilijua, isipokuwa mgambo, ambaye alikuwa usingizini.

"Hesabu."

Nikahesabu. Kumi na mbili kulia. Kumi na mbili kushoto. Nikarudia kwa kuanzia chini. Kumi na mbili.

"Sasa mwalimu," bodaboda akauliza, "Biblia imetudanganya?"

"Wewe baba yako akikatwa kidole na panga, watoto wake watazaliwa na vidole vingapi?"

"Kumi."

"Basi. Imeandikwa alitwaa ubavu wa Adamu. Wa kwako wewe nani kautwaa?"

Kicheko kilimwamsha mgambo. Mwalimu alisubiri kipite, akaketi kwenye kona ya meza, na hapo akasema maneno ambayo hayakuwa kwenye mtaala. Akasema huko Ulaya zamani hata madaktari wasomi walisoma vitabu vya wakubwa wao kwa karne na karne; kitabu kikisema hivi na maiti ikisema vile, wanasema maiti imekosea. Wakaja watu wakaanza kufungua na kuangalia wenyewe. Wengi wao walikuwa watu wa kusali kama yeye, na viongozi wa dini wengine waliwasumbua, hilo hakulificha.

"Mimi naamini Mungu aliumba," akasema. "Na hakushurutishwa na mtu. Angetaka kutupa mbavu saba, angetupa saba. Ndiyo maana huwezi kukaa kwenye kiti ukawaza ukajua alichofanya. Inabidi uinuke uende ukaangalie. Kwangu mimi kuhesabu vizuri ni kumheshimu."

Mimi nilikuwa bado nimesimama pale dirishani. Mkono wangu ulikuwa umerudi ukubwa wa miaka tisa. Nilikuwa nimeinuka, nimekwenda, nimeangalia. Kidole changu kiliupata ule ubavu. Lakini nilikwenda nikiwa na jibu tayari, na jibu langu lilimshinda baba yangu aliyelala pale mbele yangu akipumua. Hakuna aliyenikataza kuhesabu. Nilihesabu, nikaona, nikakataa. Na baba, kwa upendo wake, alimwamini mtoto aliyemwambia kwamba ameumbwa na tundu.

Mwalimu akabandika picha ya pili. Mapafu ya huyu yalikuwa na madoa meupe, mengi, kama koti jeusi lililomwagikiwa unga.

"Huyu alikuwa anasaga mawe," akasema, akaendelea na somo.

Wenzangu walipotoka nilibaki namsaidia kubandua picha. Nilishika ile ya pili kwa pembe. Nikauliza kama mtu anayeuliza la mtihani: "Mwalimu, mtu wa namna hii, akifungwa kitambaa kifuani, kikakazwa vizuri, kinamsaidia?"

Hakujua naulizia nini. Alikuwa anatafuta bahasha yake.

"Nani kakwambia? Hapana. Vumbi la mawe likishaingia pafuni halitoki, huyo hata sisi hospitali tungemrudisha nyumbani. Lakini kifua hafungwi kabisa. Unamwacha wazi, apate hiyo hewa kidogo iliyobaki."