Mwingereza wa Kuanguka

Sikuwahi kulijua jina la mwigizaji yule. Katika filamu liliandikwa mwishoni kabisa, kwa herufi ndogo, na mashine ilizimwa kabla sijalisoma. Mwaka jana nilimwona tena kwenye televisheni ya hoteli moja mjini Meru. Amezeeka, bado anabeba sinia, bado anaanguka nalo. Wateja walicheka. Mimi niliiacha chai yangu nikatoka.

Wakati wa Hali ya Hatari, serikali ya kikoloni ilipopigana na Mau Mau, tulihamishiwa kijiji kimoja juu ya Kianjokoma. Nyumba zilibanana, handaki lenye miti iliyochongwa ncha lilituzunguka, na lango lilikuwa moja. Wanawake waliruhusiwa kwenda mashambani kwa muda wa saa tatu tu kwa siku. Mke wangu alikuwa ananyonyesha, na shamba letu lilikuwa ng'ambo ya bonde. Saa hizo tatu ndizo zilizokuwa chakula chake na maziwa ya mtoto.

Gari la sinema la serikali lilipokuja, kuhudhuria kulikuwa lazima. Kwa kuwa nilikuwa nimejifunza Kiingereza peke yangu, nilipewa kipaza sauti nitafsiri. Katika filamu, Mwingereza yule alikuwa mhudumu wa hoteli. Aliteleza, akaporomoka ngazi nzima pamoja na vikombe. Kwetu mtu akianguka huambiwa pole. Anayecheka huonekana kana kwamba ndiye aliyemsukuma. Kijiji kizima kikasema pole. Akaanguka tena, na kina mama wakaguna kwa huruma. Bwana shauri, yule Mzungu mtawala wa wilaya aliyefuatana na gari, alidhani tunamgunia yeye. Nilimweleza desturi. Alijibu kwamba watu wasiocheka wana jambo wanalolificha, na kuanzia siku iliyofuata saa za shambani zikawa moja.

Saa moja ilitosha kufika na kurudi, basi. Maziwa ya mke wangu yakapungua. Mtoto alivuta, akaachia, akalia.

Gari lilipotarajiwa tena, homugadi, mwenzetu aliyelinda lango kwa niaba ya serikali, alipita nyumba kwa nyumba akituonya tucheke, la sivyo hata saa ile moja itaondolewa. Bibi mmoja, jirani yetu, alimwambia, "Basi anguka wewe kwanza, mjukuu wangu, tujaribu." Homugadi akageuza uso ili meno yake yasionekane.

Safari hii Mwingereza hakuanguka. Sidhani kama alipewa nafasi ya namna ile mara nyingine katika kazi yake yote. Alikuwa mwana aliyekaa kando ya kitanda cha mama yake, na mama akafa. Aliigiza vizuri, bila kupaza sauti, mikono imetulia juu ya magoti. Watu hawakungoja tafsiri. Waliutambua uso, wakacheka. Wakacheka alipomfumba marehemu macho, wakacheka kaburini. Nilitangaza kwa lugha yetu kwamba huyo ni mama yake, amekufa.

Mke wangu alikuwa ameketi karibu na miguu yangu, mtoto kifuani.

"Baba mtoto, nyamaza," alisema. "Tuache tucheke."

Nikakishusha kipaza sauti. Bwana shauri alipoona tunacheka, akaamuru saa tatu zirudishwe.

Kesho yake mke wangu alirudi na kikapu cha viazi vitamu. Alikula kimoja kibichi, amesimama pale langoni mbele ya homugadi, akakimaliza. Ndipo akaingia, na lango likafungwa nyuma yake.