Matonya wa Kiangazi

Mwezi wa tatu ulikuwa unakatika tangu Raheli ajifungue, na bado jina la mwanawe lilimkaa kooni kama pumba za uwele.

Aliyempa jina hilo ni mama mkwe wake, Ruthu. Matonya, yaani matone ya mvua. Lakini mtoto kazaliwa katikati ya kiangazi, vumbi likiingia hadi ndani ya tembe. Tena Matonya ni baba wa mtoto mwenyewe, mume wa Raheli, aliyechukuliwa na Wajerumani akawabebee mizigo ya vita kabla mimba haijaonekana. Na kwao jina hutokana na jambo la siku ya kuzaliwa, au hutoka kwa marehemu wa ukoo. Aliye hai harithiwi jina.

"Ni la babu wa mumeo," Ruthu alimwambia. "Alikaa Mlali, zamani hizo. Mnyonyeshe mtoto, acha maswali."

Kisimani wanawake hawakumwacha. "Matone gani hayo ya kiangazi, Raheli? Ya jasho?" Wakacheka, na yeye akacheka. Mmoja tu hakucheka: mke wa Yoramu. Yoramu alikuwa amerudi kutoka kwenye mizigo ileile, mguu mmoja umeoza. Mkewe alijitwika mtungi haujajaa, akaondoka.

Raheli akaenda kwa Yoramu. Akaambiwa amelala. Kesho yake, amelala. Siku ya tatu akamsikia anakohoa ndani, na bado akaambiwa amelala.

Basi akamfunga mtoto mgongoni alfajiri, akashika njia ya Mlali, mwendo wa siku nzima. Huko alikuwako Dorkasi, shangazi wa mumewe, anayeujua ukoo wote kwa majina. Njia nzima Raheli alimwomba Mungu babu huyo. Awe alikuwa mwizi, awe alikuwa mchawi, mradi aliwahi kuwepo. Akiwepo babu, mume yu hai.

Alimkuta Dorkasi anapepeta uwele.

"Mbukwa, shangazi."

"Mbukwa, mwanangu. Umekonda! Hebu nimwone mume wangu huyo. Anaitwa nani?"

"Matonya. La babu yenu wa hapa Mlali."

Ungo ukasimama. "Babu yupi?"

"Matonya, shangazi. Wa zamani."

"Babu wa mumeo, baba yangu, aliitwa Mazengo. Wa juu yake, Chibago. Matonya ni mmoja tu, mumeo. Nilikuwepo akizaliwa, paa linavuja, matone yananidondokea shingoni, mimi ndiye niliyesema aitwe hivyo."

"Labda upande wa mama, shangazi. Fikiri vizuri. Labda alikufa mdogo."

Dorkasi alimtazama mtoto. Kisha akaanza kuokota punje zilizomwagika, moja moja, asiinue uso. "Nani kampa jina hili?"

"Mama."

"Ruthu mwenyewe?" Akausukuma ungo kando. "Rudi nyumbani, mwanangu. Kamuulize yeye. Mimi usiniulize."

Kesho yake jua lilikuwa linatua Raheli alipofika kwake. Ruthu alikuwa kwenye jiwe la kusagia. Alimwona mkwewe alivyopauka kwa vumbi la njia, akajua ametoka wapi.

"Hakuna babu, mama."

Ruthu aliendelea kusaga. Jiwe lilikuwa tupu, halina hata punje.

"Yoramu alikwambia lini, mama?"

"Wiki moja kabla hujajifungua." Ruthu aliliacha jiwe. "Nikasema nikikwambia, maziwa yatakauka, nitazika wawili. Lakini na mimi nilitaka kulitamka jina lake, Raheli. Kila siku nalitamka, na hakuna anayenishangaa."

"Amekufa wapi? Amezikwa na nani?"

"Mnyonyeshe kwanza. Tafadhali, mwanangu. Akishiba nitakueleza yote."

Raheli akakaa chini pale pale kizingitini, akampa mtoto ziwa. Mtoto alinyonya, akalegea, akaliachia. Raheli akamhamishia la pili. Alipoliachia na hilo, akamrudisha la kwanza, akamtekenya nyayo asilale, huku akinong'ona, "Nyonya, baba. Nyonya. Bado hujashiba."